Yungiyungi la Chumba Namba Moja

Mimi si mtu wa kuamini-amini. Miaka thelathini na moja niliwavisha waimbaji wa opera katika jumba la mji wetu wa Milwaukee. Nimewafunga vifungo vya mgongoni, nimewashonea suruali zilizopasuka dakika tatu kabla ya pazia, nimewasikia waliopigana busu jukwaani wakitukanana ukumbi haujatulia. Kikulacho ki nguoni mwako, na nguo zao zote zilipita mikononi mwangu.

Verna Haugstad sikumwamini tangu siku ya kwanza, kwa sababu alikuwa mpole mno. Alikuwa binti wa mfugaji wa ng'ombe wa maziwa, kutoka kijiji cha wahamiaji Wanorwei magharibi ya jimbo letu la Wisconsin, mifupa mikubwa, vidole vinene vya kukamulia. Alianzia kwaya ya kanisa la Kilutheri, mchungaji akamhangaikia nafasi ya chuo, kisha miaka mitatu akazunguka na basi akiimbia watoto wa shule huku kavaa mkia wa mbweha. Sauti yake ilikuwa ile ya kike iliyoshiba, si ile nyembamba ya juu. Wenye sauti hiyo hawaolewi jukwaani. Wanapewa umama, uyaya, uchawi, au wanavalishwa suruali wakawa wavulana. Verna aliwahi kunihesabia: alishakuwa mvulana mara arobaini, na bibi harusi hajawahi hata mara moja.

Kwetu aliajiriwa mwaka sitini na sita kama mwimbaji wa akiba. Kazi ya akiba ni kujifunza nafasi ya mwingine mwanzo hadi mwisho, halafu kila siku ya onyesho ukae chumba cha nyuma, koo limepashwa moto, ungoje mwenye nafasi augue. Mwenye nafasi alikuwa Bi Augusta Merrin, na Bi Merrin alikuwa haugui. Miaka minane Verna alikaa kule nyuma akifuma soksi. Sasa niambie wewe: mtu ambaye kazi yake ni kungoja mwenzake aanguke, utamwamini vipi?

Bi Merrin naye hakumwamini. Chai yake nilikuwa nikiifungia kabatini kwa ufunguo. Na zaidi ya yote lilikuwepo suala la maua. Bi Merrin akinusa yungiyungi, yale meupe ya Pasaka yenye harufu ya kukata pumzi, koo lilikuwa linavimba na sauti inakwenda. Tangazo lilibandikwa mlangoni kwa bawabu: yungiyungi marufuku humu ndani. Hakuna aliyekuwa halijui.

Basi ikafika Jumapili moja baada ya Pasaka, mwaka sabini na nne, onyesho la mchana. Ulikuwa mchezo wa Kiitaliano wa malkia aliyesalitiwa na mumewe. Nilipoingia kazini, Stan bawabu akanipa chungu kilichofungwa magazeti hadi juu, maana nje baridi ilikuwa haijaisha. Akasema kimeletwa na mzee mmoja mwenye kofia, hakutaja jina, kasema tu ni cha mama anayeimba malkia. Nikakibeba mwenyewe mpaka chumba namba moja, cha kuvalia cha Bi Merrin, nikakiweka mezani, nikaenda kupiga pasi.

Bi Merrin akakifungua. Haikupita robo saa akawa anakoroma kama bomba bovu, macho yanamtoka.

Meneja wetu, Bwana Pomeroy, alishuka ngazi mbili mbili. Aliuliza nani kaingiza ua hili humu ndani, na alipouliza alikuwa ananitazama mimi. Ilikuwa imebaki miaka minne nistaafu. Watu wakajaa mlangoni, na Verna akaja nyuma yao. Akakiona kile chungu, akawa mweupe kama shuka. Kisha akainama kana kwamba anakisogeza, na macho yangu haya yakaona vidole vyake vikichomoa kadi iliyofungwa kwa utepe na kuitia mfukoni. Nikasema moyoni, haya mama, leo nimekupata.

Niliamriwa nikatupe ua, nikalitupa kwenye pipa la taka kule uchochoroni, nikalisindikiza na teke.

Hapakuwa na mwingine wa kuimba. Nikampeleka Verna chumba namba moja nimvike gauni la malkia. Nilipokuwa nakaza kamba za mgongoni nikamuuliza, "Lile ua unalijua?"

"Nalijua, Bi Jadzia."

"Na aliyelileta?"

"Nikisema sasa hivi sitaweza kuimba. Wewe nifunge tu."

Huo kwangu ulikuwa ushahidi tosha. Alipokwenda kupasha sauti, niliingiza mkono kwenye mfuko wa gauni lake la nyumbani lililoning'inia, nikaitoa kadi. Iliandikwa kwa mkono wa mtu asiyezoea kalamu: Kwa kumbukumbu ya Solveig Haugstad. Mimi niliona neno moja tu, Haugstad. Nikapanda nayo ngazi mpaka kwa Bwana Pomeroy, nikamwekea mezani. Sitakuficha, nilishuka mwepesi. Mtuhumiwa hakuwa mimi tena. Bwana Pomeroy alisema Verna aachwe amalize mchezo, barua yake ya kufukuzwa anaiandika sasa hivi, na hakuna jumba nchini litakalompokea.

Hapa kwetu mwimbaji akibadilika hawatangazi. Wanachomeka kikaratasi ndani ya kijitabu cha programu: Leo malkia ni Verna Haugstad.

Akaimba. Nilisimama kwenye giza la pembeni, mikono nimeikunja, nikingoja aharibu. Hakuharibu. Pale malkia anapojua kwamba atafukuzwa na hajakosa lolote, Verna aliinua macho kwenye viti vya juu kabisa, vya bei rahisi, akaimba kana kwamba kule kuna mtu mmoja tu. Machozi yalinitoka, nikajichukia. Nikajiambia mwizi naye anaweza kuwa na sauti nzuri. Ukumbi ulisimama ukapiga makofi mpaka vumbi likadondoka kwenye mapazia.

Baada ya hapo Stan akaleta mgeni chumba namba moja. Mzee mrefu, kofia mkononi, suti ya kanisani imembana mabega, kile kikaratasi cha programu kakishika kwa vidole viwili. Verna akamrukia shingoni. Alikuwa baba yake, mzee Nels.

"Miaka minane unaniandikia kwamba wewe ndiye malkia," mzee akasema, "na mimi ng'ombe hawaniachii. Mwaka huu nimemwambia jirani, kamua wewe, nakwenda kumsikia mwanangu. Tena tazama, wenzako wote wamebanwa pamoja kitabuni, wewe wamekuchapia karatasi yako peke yako."

Verna akacheka, akasema ndiyo baba. Mimi nilikuwa nimeshika sanduku la pini, zikanimwagikia zote miguuni: kumbe mama anayeimba malkia, kwa mzee huyu, alikuwa Verna.

Kisha mzee akageuka huku na huku. "Ua la mama yako liko wapi?"

Akanieleza mimi mgeni, kwa upole, kwamba kwao kila Pasaka kila nyumba inaweka yungiyungi mbele ya madhabahu kwa jina la marehemu wao, wiki ikiisha wanalichukua. La mama mwaka huu kamletea mtoto. Akanieleza mimi! Sisi Wapolandi parokiani kwetu tunafanya hivyo hivyo. Wiki moja kabla nilikuwa nimeandika kadi kama ile kwa ajili ya marehemu mume wangu, kwa mkono wangu huu.

"Nimelitoa nje lipate hewa, mzee," nikasema.

Nikaenda uchochoroni, nikainamia pipa mpaka kiunoni. Chungu kilikuwa kimepasuka, maua mawili yamebaki kwenye bua. Nikakifunga chungu kwa kitambaa kisiachane, nikamletea. Mzee alilitazama, akasema safari ndefu imelichosha. Halafu akauliza kadi iko wapi.

"Ninayo, baba," Verna akasema. "Iko mfukoni mwangu."

Akasogea kwenye gauni lake. Sikungoja. Nilipanda zile ngazi mbio na magoti yangu mabovu, nikamwambia Bwana Pomeroy kila kitu: mzee hakujua, msichana naye hakujua, ni uongo wa barua tu za nyumbani, mtoto kutaka kumfurahisha baba. Nikamwomba anirudishie kadi na aichane ile barua.

Bwana Pomeroy alinisikiliza mpaka mwisho. "Kumbe ni baba yake mzazi," akasema. "Uliniletea nusu ya ushahidi, Bi Jadzia. Sasa umeniletea nusu iliyobaki."

Nikaapa kwa Mama Maria. Akasema hata yeye, kama angetaka kumtuma mtu alete ua, angemtuma baba yake mwenyewe, na angemfundisha kusema hivyo hivyo. Nami nilijua anavyowaza, kwa kuwa ndivyo nilivyokuwa nikiwaza mimi. Kadi akaitia kwenye faili, barua akanipa niipeleke.

Niliporudi, mfuko wa gauni ulikuwa umegeuzwa nje. Verna alinitazama mara moja tu, akajua. Akamwambia baba yake kwamba kadi imempotea, amsamehe. Kwenye korido nikampa barua, akaisoma amesimama, akaikunja mara nne.

"Baba asijue," akasema. "Mwambie na Stan."

Wakatoka pamoja, mzee kabeba chungu kifuani.

Verna aliongoza kwaya ya kanisa la kijijini kwao mpaka uzeeni. Kila Krismasi ananiandikia mistari mitatu minne, habari za theluji na za sauti za alto zinazopungua kwayani, wala hajanigusia jambo lile. Mzee Nels, hadi anakufa, alikuwa akiwaambia watu kule kwenye kiwanda cha jibini kwamba mwanawe alishiba umalkia akarudi kwa hiari yake kumtunza baba.

Bwana Pomeroy alipostaafu, faili zake zilitupwa, na mimi nikaingia tena kwenye lile pipa. Kadi ninayo. Anwani ya Verna naijua kwa moyo, stempu nimeshanunua, na bado sijaipeleka posta.