Jina la Wilf Odling kwenye Jiwe la Marsling

Wilf Odling aliuawa angani mwezi wa Februari mwaka 1944, kisha akafanya kazi miaka thelathini na minane kwenye mabanda ya bata mzinga. Kufa kwake kumechongwa kwenye jiwe la kumbukumbu, pale kwenye lango la uwanja wetu wa zamani wa ndege. Kazi yake ilijulikana na kila mtu aliyewahi kukaa karibu naye kanisani.

Mimi naitwa Thelma Blanchard, katibu wa kamati ya jiwe hilo tangu siku ilipoundwa. Lawama yangu naichukua mapema ili nipumue. Mihtasari yote ya vikao ni mwandiko wangu, na hakuna ukurasa hata mmoja ambapo nimeuliza swali la maana.

Uwanja wa Marsling ulifunguliwa mwaka 1940 juu ya mashamba matatu ya shayiri, na wenye mashamba waliambiwa kwa barua. Kikosi cha kwanza kilikuja na ndege za injini mbili, kikakaa miezi kumi na minne, kikahamishwa pamoja na wasichana wanne wa kijiji. Kikosi cha pili kilikuja na ndege kubwa za injini nne, watu saba kila moja, na kikapoteza ndege kumi na tisa. Vita vilipokwisha wakaja askari wachache wa kutunza mali, wakatunza nyasi. Mwishowe tajiri mmoja akanunua njia za kurukia, akajenga mabanda juu ya ile saruji nzuri ya serikali na kuleta bata mzinga elfu kumi na mbili. Kwa muda wa kukaa, hicho ndicho kikosi chetu kikuu, na hakijawahi kuruka hata siku moja.

Jiwe tulilisimamisha mwaka 1984. Aliyetuongoza ni Mwalimu Desmond Threadgold, mkuu wa shule mstaafu, ambaye kwa miaka thelathini alikagua kazi za wengine hata akasahau kwamba na yake inaweza kukaguliwa. Aliingia kwenye mnara wa zamani wa kuongozea ndege, akakuta kabati lenye karatasi za zamu, zimepigwa chapa, kila usiku na watu wake. Alichukua zile za ndege zisizorudi, akanakili majina mia na thelathini na matatu. Kuna ofisi London zenye orodha zao za waliokufa, lakini Mwalimu alisema London hawajui hata Marsling iko wapi. Tukapiga makofi, nami nikayaandika hayo makofi kwenye mhtasari.

Katika majina hayo alikuwemo Odling, W., mpiga bunduki wa mkiani. Mwalimu aliona jina, akakumbuka kwamba kule mabandani kuna Odling mmoja, akafanya hesabu yake mwenyewe: huyu lazima ni ndugu wa marehemu. Kwenye kijitabu chake cha historia ya uwanja alimpa marehemu jina kamili, Walter, na tabia kabisa: mpole, mpenda mbwa. Siku ya kuzindua jiwe, bendera ilipovutwa, alimshika Wilf mkono mbele ya watu wote.

"Bwana Odling, kijiji kinajivunia ndugu yako."

"Ahsante sana, Mwalimu," alisema Wilf.

Tangu siku hiyo alipewa kiti cha mbele cha jamaa wa marehemu. Kila Novemba, Jumapili ya kuwakumbuka wafu wa vita, Mwalimu husoma majina yote mia na thelathini na matatu katika upepo unaokata masikio, na jamaa akisikia jina la marehemu wake husogea, akaweka ua jekundu la karatasi chini ya jiwe. Kwa miaka ishirini na minne Wilf Odling alisogea taratibu, akainama, akajiwekea ua.

Sote tungeendelea hivyo kwa raha zetu kama isingekuwa barua ya Bi Ivy Gathercole. Ilinifikia wiki tatu kabla ya Jumapili hiyo, mwaka 2008, kutoka Sunderland, mwandiko mdogo ulionyooka. Alisema ana miaka sabini na tisa, amesikia kuna jiwe, na angependa kuja kuliona jina la kaka yake Percy kabla miguu haijamshinda. Nilishuka na orodha kutoka A mpaka Z. Percy Gathercole hakuwemo.

Nikaenda kwa Wilf, maana nilijua alikuwa jeshini hapa, kwenye bohari, akikunja miamvuli ya kurukia. Alinikaribisha jikoni, akaisoma barua mara mbili, akavua miwani.

"Percy hayumo kwa sababu nafasi yake nimeikalia mimi," alisema.

"Umeikalia vipi?"

"Huyo Odling ni mimi, Bi Thelma. Zamu ilipigwa chapa mchana, jina langu likiwemo. Jioni sikio likaniuma, Percy akaenda badala yangu. Yeye hakuwa na ndege yake, alikuwa wa akiba. Karatasi hakuna aliyeigusa tena. Mimi wakanipeleka bohari."

"Miaka ishirini na minne, Wilf! Umejiwekea maua miaka ishirini na minne! Kwa nini hukusema?"

"Hata marehemu mke wangu Hilda aliniuliza hivyohivyo. Aliniambia, we mwanamume, wamekuzika, nawe unawaambia ahsante? Sasa ningesemaje, na kina mama walikuwa wameshaleta sandwichi?"

"Ungesema mwaka uliofuata."

"Mwaka uliofuata ingekuwa aibu kwamba sikusema mwaka uliotangulia. Sikutaka kusumbua watu."

Nilimwamini, na anayetujua angemwamini pia. Huku kwetu mtu akikukanyaga kidole, wewe ndiye unayeomba radhi. Nilimwona mume wangu akila samaki aliyeoza kwenye harusi ya binamu yake, na alipotoka hospitali aliandika barua ya shukrani. Kwamba mtu angekubali kuwa maiti kuliko kumkatiza Mwalimu katikati ya hotuba, hilo halikunishangaza hata kidogo.

"Lakini sasa lazima lisemwe," alisema Wilf. "Dada yake asije akanikuta mimi. Naomba jina la Percy liwepo akifika. Sitaki kingine."

Kamati ilikutana Jumatano, watu sita na sahani ya biskuti. Wilf alisimama na kofia mkononi, akaeleza kama alivyonieleza mimi. Mwalimu alimsikiliza mpaka mwisho, akafungua jalada lake, akatoa ile karatasi ya zamu.

"Kwa mujibu wa hati, Bwana Odling, wewe umefariki."

"Samahani, Mwalimu."

"Hii imepigwa chapa na jeshi lenyewe. Wewe una nini?"

"Mimi ninajua nilikuwa wapi."

"Kumbukumbu ya mtu si hati," alisema Mwalimu, akalifunga jalada. Alikuwa na miaka themanini na miwili, na kijitabu kile ndicho mtoto pekee aliyemzaa.

Kasisi akauliza kama jina haliwezi kuongezwa pembeni. Pauline Utting, aliyesimamia kuliosha jiwe, akasema pembeni hapana nafasi, na kufuta Odling kutaacha shimo, na shimo litakusanya maji. Kisha akapata wazo, uso ukamng'aa. "Jamani, Mzee Wilf ana miaka themanini na mitano. Tukivuta subira kidogo tu, si jiwe litakuwa limesema kweli?"

Aliyecheka zaidi alikuwa Wilf. Tukaamua jambo lipelekwe kwenye kamati ndogo, ikutane Januari. Bi Ivy alikuwa anafika baada ya siku kumi na moja. Nilitakiwa kumwandikia ukweli. Nilimwandikia kwamba tutafurahi sana kumpokea, na kwamba hapa kuna baridi, aje na koti.

Alikuja na koti, la kijani, na fimbo. Nilimweka mstari wa mbele, mbali kidogo na Wilf, nikajifanya nina shughuli na viti. Alilitazama jiwe kwa muda, akifuata majina kwa kidole hewani. Kidole kikafika herufi ya Gathercole, kikasimama, kikarudi juu, kikaanza upya. Niliona haya hata nikatazama viatu vyangu.

Mwalimu akaanza kusoma. Abbs. Aldous. Barwick. Kila jamaa akasogea, akainama. Ilipofika G, akapita bila kutua, na Bi Ivy hakusema neno. Yeye naye ni wa nchi hii. Tukaendelea kutetemeka kwa baridi mpaka herufi ya O.

"Odling, W."

Wilf akasogea na ua lake. Hakuinama. Alivua kofia, akasimama wima.

"Nipo!"

Sasa bata mzinga wana tabia moja: mtu akipaza sauti, hujibu wote kwa pamoja. Elfu kumi na mbili waliitikia kutoka mabandani, na ilibidi kijiji kizima kisubiri wamalize.

"Bwana Odling," alisema Mwalimu kwa sauti ya chini, "weka ua, tafadhali."

"Nipo, Mwalimu, sikufa. Aliyekaa kiti changu usiku ule ni Percy Gathercole, na dada yake yule pale. Naomba umsome."

Mwalimu aliitazama karatasi yake, akamtazama yule mama mwenye koti la kijani, akaitazama tena karatasi. Nimemcheka sana Mwalimu Threadgold maishani mwangu, tena kwa haki. Siku hiyo sikumcheka. Alitoa kalamu mfukoni, akaandika pembeni, akasoma alichoandika.

"Gathercole, P."

Bi Ivy akasogea kwa fimbo yake. Wilf akampa lile ua, naye akaliweka chini ya jina la Odling, kwa kuwa hapakuwa na jingine la kuliwekea. Mwalimu akaendelea na Parrish, na tulipomaliza tukaenda ukumbini kunywa chai, maana kengele ya Mwisho wa Dunia ikilia huku kwetu, mtu ataulizwa kwanza kama anatia maziwa.

Niliyekuwa namimina chai ni mimi, ndiyo maana nilisikia. Watu walikuwa wamejibana upande wa pili, karibu na keki, wakizungumzia hali ya hewa kwa bidii isiyo ya kawaida. Wilf alimpelekea Bi Ivy kikombe.

"Nakuomba radhi, mama."

"Kwa jiwe?"

"Jiwe ni dogo." Aliweka kikombe mezani mbele yake. "Sikio halikuwa na kitu. Niliwaambia wote sikio, hata mke wangu. Lilikuwa zima kabisa. Niliogopa tu. Watu wanadhani nilinyamaza kwa adabu, Bi Thelma huyu anadhani hivyo. Ningelitaja jina la Percy, wangeniuliza kwa nini alikwenda yeye. Basi nikaacha wanizike."

Birika lilikuwa mkononi mwangu, na nililishika hivyohivyo. Kumbe miaka yote ile, alipokuwa akiinama mbele ya jiwe na sisi tukisema tazama mzee alivyo na heshima, alikuwa anabeba hilo peke yake, nasi tukimpa kiti cha mbele aone vizuri.

Bi Ivy alikoroga chai yake. Aliikoroga muda mrefu, na sikumwona akitia sukari.

"Najua," alisema. "Percy alituandikia jioni ile, kabla hawajaondoka. Mama aliificha barua, nimeipata alipokufa. Anasema kuna mwenzake mikono inamtetemeka, hawezi hata kufunga kamba za buti. Amemwambia akamdanganye daktari, aseme sikio, yeye atakwenda. Jina hakulitaja. Leo ulipoita nipo, nikajua ndiye wewe."

"Wazo la sikio lilikuwa lake," alisema Wilf.

"Lingekuwa la nani? Percy alikuwa hodari wa uongo tangu yuko shule. Mimi ndiye niliyekuwa nachapwa." Akasukuma kiti cha pili kwa fimbo. "Kaa. Mawe nimeyaona mengi, na yote yananiambia alivyokufa. Sasa mimi nataka kujua alichokupa. Ulifanya nini?"

"Hakuna la maana, mama. Nimesafisha mabanda ya bata mzinga miaka thelathini na minane."

"Hilo moja. Endelea."

"Nilioa. Tulipata mabinti wawili."

"Mkeo jina lake nani?"

"Hilda."

"Alikuwa mtu wa namna gani?"

Wilf alimtazama kama mtu ambaye hajawahi kuulizwa. Machozi yalikuwa yanamtiririka, wala hakuomba radhi kwa hilo, na kwetu hiyo ni ajabu ya mwaka.

"Mkali," alisema. "Mkali kweli, mama." Akavuta kiti, akakaa.