Dada Aulizwe Mwenyewe

Wivu wangu ulianza siku nesi alipomwamkia dada yangu.

"Shikamoo dada," alisema. Dada alikuwa ameketi kwenye benchi la zahanati ya kijiji, mtandio umemfika kidevuni. Akanyanyua uso, akajibu, "Marahaba. Hujambo?" Sauti ilitoka nzima, sauti ya mtu mkubwa anayejibu mdogo wake. Nilikuwa sijaisikia kwa muda mrefu, na siku iliporudi hakupewa mtu wa nyumbani.

Dada ni mkubwa kwangu kiasi cha kunibeba mgongoni, na alinibeba kweli. Kabla ya kuugua alikuwa mtu wa mwani. Maji yakipwa anaingia baharini na kamba zake, anafunga kipande kimoja kimoja, na vidole vyake vilikuwa vyepesi hata wenzake wakamtania kwamba ameficha mkono wa tatu. Kisha akaanza kukesha na kuzungumza na watu ambao sisi hatukuwaona. Hapa kijijini Kanga wakasema ana jini. Akafukizwa, akasomewa, akanywa kombe, maji yaliyooshea aya zilizoandikwa sahanini. Siku aliyotoka njiani bila kujistiri, mjomba alikuja na kamba, akamfunga kwenye nguzo ya ua. Alikaa pale mpaka lilipopatikana gari la kutupeleka hospitali Kilindoni.

Tulirudi na dawa, na dawa zilimtuliza. Mama alikuwa na mihogo yake shambani, na mimi nilikuwa nimemaliza darasa la saba sina pa kwenda. Basi dada akawa kazi yangu. Nilimpa vidonge, nilimchotea maji ya kuoga, nilimsuka. Watoto wa jirani waliacha kumwamkia. Watu wazima wakipita uani waliniuliza mimi, "Mgonjwa wako anaendeleaje?" na yeye yupo palepale anawatazama.

Kila mwezi nesi alikuja na pikipiki kutoka Kilindoni kuwaona wagonjwa wa akili wa kijijini. Mimi ni mtu wa haya. Dukani huwa nanyoosha kidole tu kuonyesha ninachotaka. Lakini mbele ya nesi yule nilisema.

"Analala?"

"Analala."

"Anakula?"

"Anakula."

"Anasumbua?"

"Hasumbui kabisa."

"Hongera. Unamtunza vizuri sana dada yako."

Kisha nesi alinipa dawa za mwezi, mkononi mwangu, tukarudi nyumbani. Mwezi mzima niliishi kwa ile hongera. Wasichana wa rika langu walikuwa na wachumba, wengine wana watoto, wengine wamekwenda Dar. Mimi nilikuwa na dada asiyesumbua.

Halafu nesi akaja na wageni wawili, mwanamume na mwanamke, kutoka bara. Mwanamke alitueleza kwa upole, "Tumekuja kuangalia huduma hii inawasaidia vipi, na wapi tunakosea. Msiogope kusema. Nesi wenu mwenyewe ndiye aliyetuomba tuwaulize."

Tulikaa kwa zamu barazani. Zamu yetu ilipofika, yule mwanamke alimgeukia dada. "Tangu uanze dawa, maisha yako yamebadilikaje?"

"Analala vizuri," nikajibu. "Anakula, na hasu..."

"Ahsante, mdogo wangu. Tunamsubiri mwenyewe."

Uso ulinichoma. Nilijua tutasubiri bure, kwa sababu dada hakuwa akijibu watu. Mzee mmoja aliyemleta mwanawe alikohoa, mtu mwingine akacheka kidogo. Wageni hawakutikisika. Walikaa tu, kama watu wenye siku nzima.

"Nalala mchana kutwa," dada akasema mwisho. "Hilo ndilo mnaloliita kupona?"

Nesi aliinamisha kichwa.

Dada akatoa mikono yake ndani ya mtandio, akainyoosha mbele yao. Ilikuwa inatetemeka kama mikono ya bibi kizee. Mimi niliiona kila siku, nikidhani ndivyo ugonjwa ulivyo. "Kwa mikono hii siwezi kufunga mwani. Mate yananitoka nikilala. Mwezi kwa mwezi nakuja hapa, mnaulizana ninyi kwa ninyi kama nasumbua. Simsumbui mtu, kweli. Hata jiwe halisumbui."

"Ungependa tufanye nini?" yule mwanamume akauliza.

"Niulizwe mimi. Niingie peke yangu, mlango ufungwe."

Alisema "peke yangu", na wala hakunitazama.

Mwezi uliofuata ndipo ikaja ile shikamoo, na mambo mengine yalikuwa yamebadilika. Mgonjwa aliingia kwanza yeye mwenyewe, na ndugu aliitwa baadaye, mgonjwa akitaka. Nesi alikuwa amezungumza na daktari wa Kilindoni. Dawa ya dada ikapunguzwa, akaongezewa kidonge cha kutuliza mikono. Haya yote yalikuwa mema, najua. Lakini mimi nilikuwa nje kwenye benchi, nimepakata mkoba mtupu.

"Leo umeachishwa kazi, binti," akanitania yule mzee.

"Na wewe je?"

"Mimi nimestaafu!" Akacheka mpaka akapangusa macho. "Mwanangu ana siri siku hizi. Anafungiwa mlango kama bwana mkubwa."

Yeye jambo hilo lilimfurahisha. Mimi niliutazama mlango ule kama mke anayetazama nyumba ya mke mwenzake. Ndani nilisikia sauti ya dada, maneno sikuyapata. Kisha nikamsikia anacheka. Nyumbani nilikuwa nimemchekesha kwa kila njia ninayoijua, mpaka kumwigiza mjomba anavyotembea, asicheke.

Badiliko jingine likaja na miguu yake mpaka kwetu. Nesi alisema wale waliowahi kuugua na sasa wana nafuu watawatembelea wenzao nyumbani. Dada akaletewa mama muuza vitumbua, wa rika lake. Zamani, baada ya kujifungua, mama huyu alichanganyikiwa, naye alifungwa. Siku hizi anauza vitumbua vyake karibu na msikiti, na mtu asiyemjua hawezi kudhani.

Alikuja akishamaliza biashara, na sahani ya vitumbua vilivyobaki.

"Hodi, shoga!"

"Karibu, shoga yangu!"

Shoga. Dada hakuwa amemwita mtu hivyo tangu augue. Waliketi jikoni wakiongea, na nikiingia kuchukua upawa maneno yanakatika, kama redio iliyozimwa. Nikitoka yanaanza tena.

"Mlikuwa mnasema nini?" nikamuuliza dada.

"Ya watu wazima."

"Mimi si mtoto."

"Basi usiulize kama mtoto."

Nilikwenda kumlilia mama shambani. Mama hakuacha hata kung'oa mihogo. "Mwenzio anapona, wewe unanuna. Ulitaka aumwe mpaka lini?"

"Nataka apone."

"Si ndiyo anapona?"

Sikujua namna ya kumwambia mama kwamba nilitaka apone mbele yangu. Vile vitumbua sikuvila. Nilisema vina mafuta mengi.

Kisha nesi akatangaza kwamba kila mgonjwa atachagua mtu wake mmoja. Mtu huyo atafundishwa dalili za ugonjwa kurudi, na akiziona atajua la kufanya. "Mchague mnayemwamini," akasema. "Si lazima awe ndugu. Mwezi ujao mtaniambia."

Mwezi huo nilifanya kazi kama ninayeposwa. Nilimpikia dada pweza wa nazi, nilimfulia nguo zake zote hata safi, nilimpaka mafuta miguuni. Shoga yake alipokuja nilimpokea vizuri, nikampa kigoda, nikasimama mlangoni mpaka alipoondoka. Nani mwingine angechaguliwa? Nani alijua usingizi wa dada zaidi yangu, ninayelala naye chumba kimoja? Nilijua hata pumzi zake. Nikiwa peke yangu nilifanya mazoezi ya kujibu: Nimekubali, nesi, nitafanya.

Siku ya kliniki tuliitwa ndani sote watatu, dada, mimi na mama muuza vitumbua, nami nikaketi karibu na dada, magoti yetu yanagusana.

"Haya dada, mtu wako ni nani?" nesi akauliza.

"Huyu," dada akasema, na mkono wake ukapita mbele ya kifua changu ukamwonyesha mwenzake. Mkono haukutetemeka sana siku hiyo. Niliuona vizuri.

Nesi akanitazama. "Na mdogo wako?"

"Mdogo wangu ni mdogo wangu."

Njiani nilitangulia. Nilitembea haraka mpaka dada akaniita, sikugeuka, akaniita tena kwa ukali, nikasimama. Mama muuza vitumbua alikuwa na akili ya kubaki nyuma akijifanya anafunga kiatu.

"Nimekukosea nini?" nikasema. Maneno yaliyokataa kutoka kule zahanati yalitoka yote. "Nimekuosha. Nimekulisha. Wenzangu wameolewa, mimi nimekaa na wewe. Yeye ameleta vitumbua tu!"

"Ni kweli."

"Dalili nazijua kuliko yeye."

"Unazijua. Ukiziona utafanyaje?"

"Nitakusaidia."

"Utalia," dada akasema. "Nakujua, nimekulea. Utalia, mama atakuuliza unalia nini, utamwambia. Mama ataogopa, atamwita mjomba. Mjomba atakuja na kamba kabla mimi sijaulizwa lolote. Mwenzangu huyu akiona jambo ataniambia mimi. Kwanza mimi."

"Na mimi nitakuambia wewe kwanza."

"Labda. Sitaki kujaribu kwa mgongo wangu."

Alinishika mkono akanivuta tutembee, na mama muuza vitumbua akatufuata kwa mbali. Mtu angeweza kudhani hapo wivu uliniisha. Haukuisha. Sababu nilizielewa zote, na bado kila nikisikia ile hodi nilitamani sahani imponyoke.

Dada alirudi kwenye mwani. Alianza polepole, akifunga kamba moja wakati wenzake wamefunga tatu, na shoga yake alikwenda naye ingawa hana kipaji chochote cha kazi hiyo. Mimi niliwekwa na wasichana kwenye kamba za upande mwingine, maji magotini, nikiwatazama wawili wale wameinama pamoja.

Wakati wa bamvua lililofuata, siku za maji makubwa ya bahari, dada hakulala vizuri. Nilimsikia anageuka, anainuka, anakaa ukingoni mwa kitanda. Alfajiri alifagia ua, na jua lilipotoka akaufagia tena. Akatia sukari kwenye chai ya mama akasahau, akatia tena, kisha akamkaripia mama kwa kusema ni tamu. Mimi niliona. Sikulia. Nikamfuata jikoni, nikasimama nyuma yake na sentensi yangu iko tayari mdomoni. Haya zangu zikanishika. Nikachukua ndoo nikaenda kisimani, nikijiambia nikirudi nitasema.

Niliporudi, mama alikuwa amekwenda shambani, na mama muuza vitumbua alikuwa ameshafika. Alikuwa amesimama uani bila sahani, anamtazama dada usoni.

"Shoga, jana hukulala."

"Nani kakuambia?"

"Macho yako. Na juzi pia hukulala. Kidonge cha usiku unameza?"

"Toka kwangu!" dada akapaza sauti. "Na wewe umekuwa nesi? Umekuja kunichunga? Nenda kachunge vitumbua vyako visiungue!"

Mwenzake hakutoka. Akaketi kwenye kigoda, akanyoosha miguu. "Vitumbua vimekwisha. Nina asubuhi nzima ya kutukanwa. Endelea."

Dada alimtukana. Alimwita mwendawazimu, mwenzake akasema, "Ndiyo, tunajuana." Alimwita mnafiki, akamwita mchawi wa mafuta ya jana, na hapo mama muuza vitumbua akashindwa, akacheka. Dada akazunguka ua, akazunguka tena, mtandio unaburura. Kisha akasimama. Akaingia ndani, akatoka amevaa baibui, na vidonge ambavyo hakuwa amemeza amevifunga kwenye pindo la mtandio.

"Naacha kumeza kwa sababu nisipomeza nafunga mwani vizuri zaidi," akasema, kama anayejibu swali la muda mrefu. "Nitamwambia nesi hivyohivyo. Twende Kilindoni."

Walipanda bodaboda moja, wote wawili wameshikana nyuma ya kijana wa watu. Walirudi alasiri. Nesi alimsikiliza, akazungumza na daktari, dozi ikagawanywa upya ili mikono isimkwamishe kazini naye apate usingizi. Mama aliyajua hayo dada alipokuwa ameshaketi anakula. Mjomba hakuitwa. Nyumba haikuwa na kelele tena. Mama aliweka mkono kifuani akasema alhamdulillahi, akamwongezea mama muuza vitumbua wali na kipande kikubwa cha samaki.

Niliwanawisha mikono wote, nikakaa karibu na mlango na sahani yangu. Dada alikuwa na usingizi, anatafuna taratibu, bega lake limeegemea bega la mwenzake aliyemtukana asubuhi mbele yangu. Mimi dada hajawahi kunitukana tangu augue. Huniambia ahsante kwa kila kitu, kwa maji, kwa chumvi. Nilikuwa nimeona dalili kabla ya mama muuza vitumbua, usiku mzima nimezisikia kwa masikio yangu, na aliyefukuzwa uani kwa matusi akakataa kuondoka alikuwa yeye. Nilimwonea wivu kwa kila neno la yale matusi.