Boga Halionyeshwi kwa Kidole

Alal alipanda vibuyu na maboga shimo moja, na majirani zake wa Kyebando wakamcheka. Nabwire wa nyumba ya pili alimwonya kuwa kibuyu ni kichungu, kitaambukiza boga. Waliocheka wacheke. Alal alicheka nao, akaendelea kutia samadi, maana hakuwa akitafuta boga tamu. Alikuwa akitafuta majani.

Mumewe, Ochan, alikuwa askari. Mwaka ule wa sabini na mbili, wenzake wa kutoka kaskazini walikuwa wakiitwa majina kambini, wakipandishwa lori, kisha hawaonekani tena. Ochan aliruka seng'enge, na tangu siku hiyo aliishi katika jiko la nyuma ya nyumba. Vibuyu vikaparamia ukuta wa jiko hadi paani, maboga yakatambaa chini, na mpita njia asingejua kuwa pale pana mlango. Alal aliogopa kila siku, na kila siku alimwagilia maji.

Mtu mmoja tu alijua: Saverio, aliyesimamia harusi yao. Mbegu zenyewe alizileta yeye. Kila Jumapili baada ya misa alipita kuisifu bustani, kwa adabu ya kwao: boga changa halionyeshwi kwa kidole, litaoza kabla ya kukomaa. Huonyeshwa kwa ngumi. "Lile limenenepa," angesema, ngumi mbele, kama mtoto aliyefunzwa vizuri na bibi yake.

Halafu akaja siku ya Jumanne, mchana kweupe, ndani ya gari la watu wa usalama. Alal alikuwa ameinama, akitandika nyasi kavu chini ya boga. Wanaume wawili wenye miwani myeusi walishuka. Saverio alishuka nyuma yao, shati limechanika begani, jicho moja limevimba. Akainua mkono kuelekea kwenye majani, na kidole kikanyooka.

Mazoea yana taabu. Ulimi wa Alal ulitangulia akili.

"Saverio, kunja kidole," alisema kwa Kiacholi, lugha ya kwao kaskazini. "Utaliozesha."

Saverio alimjibu kwa Kiswahili, ili wale wawili wasikie, huku machozi yakimtoka.

"Shemeji, mimi hapana onyesha boga."