Sindano Alivyoolewa Bila Kuhama Kwao

Mtaani walimwita Sindano, kwa wembamba wake na kwa ulimi wake. Alikuwa fundi cherehani, na cherehani yenyewe ilikaa barazani kwa mama yake tangu baba alipofariki, yeye akiwa na miaka kumi na saba. Kwa mguu ule wa kukanyaga pedeli aliwasomesha wadogo zake wawili wa kiume, mmoja akawa mwalimu, mwingine karani. Sare zao alizishona na pindo la vidole vinne, akilishusha kila mwaka, na hakuna mtoto aliyewahi kuwacheka kwa kaptura fupi.

Alipofika arobaini na mbili, seremala wa mtaa wa pili, aliyefiwa na mke, akaleta posa. Wadogo zake wakaja mbio.

"Dada, mama haoni vizuri. Ukiondoka atabaki na nani?" mwalimu akauliza.

"Na nyie. Au mliokotwa?"

"Wewe ndiye nguzo ya nyumba hii," karani akadakia.

"Nguzo nayo huliwa na mchwa, mdogo wangu. Seremala namtaka, na mama simwachi. Aje akae hapa."

Wakashika vichwa. Mwanamume kuhamia ukweni, watu watasema nini? Seremala mwenyewe, alipopelekewa sharti hilo, siku tatu hakutia mguu barazani. Sindano hakumfuata. Neno lake hakulipunguza hata uzi mmoja.

Siku ya nne asubuhi seremala huyo, na mkokoteni. Juu yake kitanda kipya cha mbao ngumu, kwa haraka zake amekiunga chote kwa gundi, hakifunguki tena. Kikafika mlangoni kikagoma. Kwa ubavu, kwa kichwa, hakipiti.

"Mkwe," mama akaita kutoka ndani, "milango ya watu unaipima, wa mchumba wako umeukisia?"

Baraza zima likacheka, hata mwalimu. Seremala akachukua tindo. Kitanda hakukigusa, aling'oa fremu ya mlango.

"Wacha waseme," akasema. "Mimi nimekuja kukaa."

Mwalimu akavua saa, karani akakunja mikono ya shati, wakashika miguu ya kitanda. Sindano alisimama kando, mikono kiunoni, akiwaelekeza. Miaka ishirini na mitano aliibeba nyumba ile peke yake. Siku hiyo kazi yake ilikuwa kusema, "Inueni kidogo, mnakwaruza ukuta wa mama."