Aliyekataa Kumwinua Melkizedeki

Eliufoo Manase Elinaza Mbwambo, wa Suji. Babu yake Elinaza alimpasua chui fuvu kwa jembe, chui akiwa ameshamng'ata bega. Baba yake Manase, kaka yangu wa tumbo moja, alimvunja taya mwizi wa mbuzi mnadani Kihurio, kisha akambeba mwenyewe mgongoni mpaka zahanati. Eliufoo hakuua mnyama wala hakumvunja mtu. Yeye alichora. Na kwa kuchora amepigwa kuliko baba na babu yake ukiwaweka pamoja.

Kaka yake mkubwa aliitwa Melkizedeki. Mwaka ule wa ukame mahindi yalijikunja kama tumbaku, na zamu ya maji ilikuwa ya nyumba ya Manase. Melkizedeki alikwenda asubuhi kuzibua ndiva yetu, yaani bwawa la mawe na udongo tunalokusanyia maji ya mfereji, akamkuta Hezroni Mgonja ameshazibua, maji yanashuka shambani kwake. Wakatukanana. Melkizedeki akaingia majini kuliziba tundu, na Hezroni akainua jembe.

Eliufoo, mtoto wa darasa la pili, alikuwa ng'ambo ya bwawa ameshika kopo la uji wa kaka yake. Aliliona jembe likipanda. Aliliona likishuka. Alimwona kaka yake akilala kifudifudi majini, na maji yakibadilika rangi. Melkizedeki hakuinuka.

Hezroni akasema ameteleza. Wazee wakakaa, wakaogopa koo mbili zisije zikakatana mapanga na mfereji ukafa, wakasema naam, ameteleza, ameangukia jiwe. Mtoto akasema ameona, wakamwambia ameota. Basi tukamzika Melkizedeki kama mtu aliyeteleza. Manase hakumsalimia tena mtu yeyote pale ndivani mpaka alipokufa.

Eliufoo hakubishana nao. Alichukua mkaa jikoni kwangu, akachora kwenye ukuta wa nje wa darasa, picha nyingi kwa mstari: jembe liko chini, limeinuka kidogo, limeinuka zaidi, liko juu ya kichwa, linashuka. Watoto waligundua wenyewe kwamba ukikimbia mbele ya ukuta ule, unaona jembe linapiga. Wakawa wanakimbia huku na huku, vumbi tupu. Mwalimu mkuu alimchapa hadi kaptula ikalowa damu, kisha akamvua shati na kumfutisha ukuta kwa shati hilohilo. Hayo ndiyo malipo yake ya kwanza ya kazi ya katuni.

Alipokua alikwenda Dar es Salaam, akaajiriwa na watu wanaotengeneza katuni za watoto na matangazo ya sabuni. Huko akaanza kuota mvi. Fisi apigwe sufuria usoni, uso uwe bapa kama chapati, autikise urudi. Paka adondoke darini, avunjike vipande, ajikusanye. Wenzake walimwita Fundi wa Makofi, maana kofi la Eliufoo ulilisikia shavuni kwako. Aliua na kufufua kutwa nzima, mwaka hadi mwaka, watoto wa nchi hii wakacheka.

Mwishowe akapeleka hadithi yake mwenyewe, ya ndivani. Bosi wake Fredrick alizitazama picha, akatikisa kichwa kwa kufurahi.

"Kaka, hii safi sana. Ila mwinue."

"Amekufa, bosi."

"Kwenye katuni hafi mtu, bwana! Mwinue, apepesuke, nyota zimzunguke kichwani, watoto wacheke."

"Waliomzunguka ni nzi."

Fredrick akacheka, akidhani ni utani. Eliufoo akaing'oa ile skrini aliyokuwa akichorea, akaibamiza ukutani ikapasuka, akaondoka na damu viganjani.

Alirudi Same na kukodi chumba nyuma ya soko, akakusanya vijana wenye mkono mwepesi, akawa si mchoraji tena bali mwongozaji wa filamu ya katuni, ile hadithi yake ya ndivani. Mkono uliowapita wote ulikuwa wa Devotha, kitinda mimba wa Hezroni. Nilimwambia, "Eliufoo, umelaza nyoka kitandani mwako."

"Shangazi, yule binti anachora maji kuliko mtu yeyote. Amekulia kwenye maji hayo."

Mpigaji katika filamu hakuwa na uso. Devotha aliuliza, "Huyu ni nani, Mwalimu?" Eliufoo akamjibu, "Mtu mwenye kiu." Hakuuliza tena.

Filamu ilionyeshwa kwa majaribio shuleni kwetu Suji, mchana, madirisha yamezibwa kwa khanga na magunia. Hezroni alikaa mbele na wanawe wawili. Jembe liliposhuka na Melkizedeki akaanguka majini, watoto waliangua kicheko, wakapiga makofi.

"Inuka! Inuka wee!"

Waliita, wakangoja. Maji yakaanza kubadilika rangi. Kicheko kikakatika kimoja kimoja, mtoto mmoja akaanza kulia. Ndipo Hezroni akasimama.

"Uongo! We mtoto wa Manase, unanichafua mbele ya watu! Umechora makali! Mimi nilimpiga kwa mgongo wa jembe!"

Nikasimama na mimi.

"Rudia, Baba Devotha. Ulimpiga kwa mgongo wa nini?"

Akarudi kuketi. Wazee waliokuwa wamesema ameteleza, wale waliobaki, waliangalia miguu yao.

Wale wana hawakujua waende wapi na aibu ile, wakaipeleka kwa Eliufoo. Mmoja alimkalia shingoni. Mwingine aliunyoosha mkono wa kuchorea juu ya benchi, akaupiga kwa mguu wa meza, akaupiga tena. Mifupa ililia kama mabua makavu. Devotha alimrukia kaka yake, akamng'ata sikio, akapigwa kiwiko kilichomng'oa jino. Kisha ukumbi mzima ukawaangukia wale wawili, na nusura tuchimbe makaburi siku ileile. Polisi waliwachukua wana wakiwa wamevimba hawatambuliki. Mzee walikuja kumchukua kesho yake. Alikuwa kibarazani kwake, hakuna jirani aliyempelekea hata maji.

Hospitalini Same walimfunga Eliufoo plasta hadi kwenye kiwiko. Daktari alisema vidole vile havitashika tena kalamu. Devotha alikuja mdomo umevimba, akanikuta kando ya kitanda.

"Shikamoo, mama. Shikamoo, Mwalimu. Nimekuja kukuaga. Nyumbani kwetu sina pa kurudi, na filamu imekufa."

"Marahaba. Haijafa. Ina kosa moja," Eliufoo alisema. "Baba yako amesema kweli. Mimi nilikuwa ng'ambo, jua linameta kwenye jembe, nikadhani ni makali. Lile pigo lichorwe upya. Kwa mgongo wa jembe, kama alivyosema. Tusimsingizie. Na umpe uso wake."

"Mwalimu, ni baba yangu."

"Ndiyo maana. Nani mwingine anajua anavyoinua jembe?"

Binti alipeleka ulimi kwenye pengo la jino. Kisha akainuka, akachukua ufagio uliosimamishwa ukutani. Akaushika mkono wa kushoto mbele, bega la kulia likashuka, akavuta pumzi puani jinsi Hezroni anavyovuta kila anapoanza tuta. Akauinua polepole. Wagonjwa wa vitanda vya jirani wakajivuta nyuma. Juu ya kichwa akaugeuza kama jembe, mgongo mbele, akaushusha.

Eliufoo alikuwa amefumba macho, akayafumbua.

"Hivyo hivyo," akasema. "Kachore hivyo. Na watakuja watu wenye pesa zao, watakuomba umwinue. Usimwinue."