Mstari Uliogeuka Mlangoni

Fundi wetu wa sakafu si mtu wa maneno mengi. Vibao vyake vya mbao, vifupi kama kiganja, huvipanga mshazari vikashikana kama vidole, na kila kimoja hukigonga kwa kifundo cha kidole huku ametega sikio. Kisha huvua viatu, akafumba macho, akaikanyaga kazi yake polepole.

Jana nilimjia juu. “Fundi, mlangoni pa jikoni umeboronga! Mstari umegeuka, tena unakwaruza.”

Alimwita mama yangu, ambaye siku hizi haoni vizuri, hutembea akipapasa kuta. “Mama, achia ukuta, njoo.”

Mama akaja pekupeku, akafika kwenye mstari ule, akasimama. “Jikoni hapa,” akasema, akakata kona, mikono ameifumbata nyuma.

Nikavua viatu.