Babu wa Kina Mtewele Aliyenyweshwa kwa Mtutu

Letisia wa Matembwe aliolewa akiwa na miaka kumi na tisa, na siku ya tatu ya ndoa mama mkwe akamkabidhi kazi tatu: kukama ng'ombe mmoja mkali, kumbembeleza shemeji mdogo asiyekoma kulia, na kumpangusa Babu. Ng'ombe alikufa. Shemeji alikua, akawa Ambrose mwenye kitambi. Babu hakufa wala hakukua, kwa sababu Babu alikuwa bunduki.

Bunduki ya Mjerumani, ndefu, ikisimamishwa inamfika Letisia kidevuni. Wazee wa ukoo walisimulia kwamba babu yao mkuu alimnyang'anya askari mmoja kule Lupembe, Waingereza walipokuwa wanaupanda mlima, akafyatua risasi pekee iliyokuwamo. Risasi hiyo moja ikaua Waingereza saba, ikatoboa nyumbu wawili wa mizigo, ikavuka bonde, ikamwangusha nguruwe pori ambaye hakuwa na ugomvi na mtu. Kila sherehe Waingereza waliongezeka. Mwaka aliozaliwa Jofrey, mtoto wa pekee wa Letisia, walikuwa wameshafika kumi na tisa, na nguruwe alikuwa amezaa.

Kwenye kila sherehe, iwe ubatizo, iwe arusi, iwe kuondoa msiba, Babu alikalishwa kwenye kiti, akafunikwa blanketi, akapakwa mafuta ya nguruwe kuanzia kitako hadi mdomo. Kisha mkubwa wa ukoo alimimina ulanzi, pombe ya mianzi, ndani ya mtutu, kikombe baada ya kikombe, mpaka ukafika juu. Na ulanzi ule haukuvuja hata tone! Hilo ndilo lililowatoa wazee machozi.

"Mnaona?" walisema wakipigana mabega. "Babu hamwagi! Ninyi mnatapika barabarani, Babu anatulia nayo!"

Mwiko ulikuwa mmoja: asithubutu mtu kufungua komeo la nyuma, maana pumzi ya Babu ingetoka, na ukoo ungekauka kama mgomba uliopigwa na baridi.

Wazee wakishalala na ulevi wao, kesho yake asubuhi nani alimpindua Babu kichwa chini nyuma ya choo? Letisia. Kilichotoka humo, heri ungemwaga choo chenyewe. Uji mweusi wa kuvutika, na mende waliokufa wakiwa na furaha. Harufu yake ilimfukuza fisi, fisi akarudi kuomba radhi. Letisia alipangusa kwa matambara, huku amefunga pua kwa mtandio, mtoto Jofrey mgongoni, mdomo wa mtutu umemwelekea tumboni kwa kuwa ndivyo ulivyoshikika vizuri. Miaka arobaini na kitu. Alisugua mikono kwa majivu, kwa sabuni ya mche, kwa majani ya mkaratusi, na bado akimega ugali alisikia mafuta yaliyochacha.

Mume wake, Romanus, hakuwahi kuigusa. Alikwenda vita vya Uganda na bunduki ya SAR, akarudi na miguu yake miwili na maneno machache. Siku moja tu Letisia alimwuliza ile yake ilikuwaje. Romanus akatema mate pembeni, akasema, "Ilikuwa nyepesi kuliko hiyo. Zote zinanuka." Akachukua jembe, akaenda zake shambani.

Romanus alipofariki, kina Mtewele wakakaa kikao wakaandika kwenye daftari la ukoo: mtunza Babu sasa ni Jofrey. Babu akahamishiwa chini ya kitanda cha Jofrey, ambako watoto wake wanalala kwenye mkeka pembeni yake.

Ndipo mtendaji wa kijiji akapita na kipaza sauti. Serikali inasamehe. Mwenye bunduki isiyo na kibali aisalimishe kwa hiari, hataulizwa kitu. Mwezi ukiisha, atakayekutwa nayo ni jela, miaka mingi, bila cha mzee wala mzazi.

Letisia akamwendea Ambrose mbio.

"Kamwene, shemeji. Umemsikia mtendaji?"

"Nimemsikia. Yule anasema silaha. Babu siyo silaha, ni mzee."

"Polisi watamwuliza umri wake au watamfunga Jofrey?"

"Shemeji Letisia, wewe umeolewa tu hapa. Hiyo ni heshima ya ukoo."

"Nimeipangusa hiyo heshima tangu wewe unajikojolea mgongoni kwangu. Heshima gani inanuka hivyo?"

Ambrose akacheka mpaka kitambi kikatikisika, akasema Pasaka ijayo watamnywesha Babu ndoo nzima. Jofrey naye alipoulizwa, akaangalia chini. "Mama, baba mdogo amesema nikiitoa atanilaani. Nina watoto." Mtu mzima wa miaka thelathini na tano, ana ndevu, anaogopa kitambi!

Siku mbili kabla mwezi kuisha, Jofrey akiwa msituni anapasua mbao, Letisia aliingia chumbani kwa mwanawe, akamburuta Babu kutoka chini ya kitanda, akamfunga katikati ya mipini sita ya majembe, akaviringisha gunia, akakaza kamba. Kwa mtendaji hakwenda, yule ni mnywaji mwenza wa Ambrose. Akapanda Noah ya asubuhi kwenda Makambako.

Walipofika Kichiwa, mwanamume mmoja aliyekaa naye akaanza kuvuta pua.

"Mama, mipini hiyo unauza? Nitolee mmoja niuone."

"Siyo mipini mitupu, baba. Humo katikati nimeweka dagaa wa Nyasa. Wameoza kidogo, nampelekea mganga."

Yule mtu akamaliza safari akiwa ametoa kichwa dirishani, na baridi ile ya Njombe ikamkausha masikio.

Kwenye kituo cha polisi alipokelewa na Koplo Rejoice, binti wa Kikinga kutoka Tandala, mtunza ghala la silaha. Alifungua gunia, akarudi nyuma hatua mbili, akaziba pua kwa kiganja.

"Mama yangu! Mlikuwa mnaipikia?"

"Tulikuwa tunainywesha."

Rejoice akavaa glavu, akaitoa uani, akailaza juu ya mifuko ya mchanga, mdomo ukielekea ukutani. Akasugua chuma kwa tambara mpaka maandishi yakatokea.

"Hii Wajerumani waliwatengenezea askari wao wenyewe, kwao Ulaya," akasema. "Baadaye wakapata mpya isiyotoa moshi. Hizi za zamani wakaja kuwapa askari weusi huku kwetu. Ukipiga moja tu, moshi mweupe unakufunika kama umechoma takataka mbichi, na adui anajua ulipo. Tena inabeba risasi moja. Mwingereza anayekuja ana kumi ndani ya bunduki yake."

"Kwa hiyo Mwafrika alipewa bunduki ya kumwonyesha adui yeye yuko wapi," akasema Letisia.

"Ndivyo."

"Na sisi ndiyo tukaifanya babu." Letisia akatema mate kwenye mchanga, akaomba radhi kwa koplo, akatema tena.

Kabla Rejoice hajaleta fomu, bodaboda ikaingia kwa fujo na watu wawili nyuma ya dereva: Ambrose, na Jofrey mwenye vumbi la mbao kichwani. Chini ya kitanda palikutwa patupu, na Ambrose hakuhitaji kuambiwa aliyechukua wala alikopeleka.

"Rudisheni hiyo!" akafoka. "Huyo ni babu yetu! Huyu mama ni mwizi!"

Rejoice akamtazama kwa utulivu. "Kumbe wewe ndiye mwenye hii bunduki, mzee?"

 Kitambi cha Ambrose kikaingia ndani chenyewe. "Mimi? Hapana, afande. Mwenyewe ni huyu kijana. Imeandikwa kwenye daftari. Alikuwa anailalia."

Letisia alimtazama shemeji yake, yule ambaye utotoni yeye Letisia alimfuta kamasi kwa khanga yake ya arusi, akaziba pua kwa mtandio kama asubuhi zile za nyuma ya choo. Jofrey naye akamgeukia baba yake mdogo pole pole, kama mtu aliyepigwa kofi akiwa anaomba dua.

 Rejoice akachukua ufito wa chuma wa kusafishia, akauingiza mdomoni mwa mtutu. Ukaenda, ukaenda, ukagota. Akashika kwa kidole mahali ulipogotea, akautoa, akaulaza juu ya bunduki. Ulikuwa haufiki kwenye komeo; kitu kilikuwa kimeuzuia ndani.

"Ondokeni hapo mbele," akasema, na sauti yake haikuwa tena ya binti. "Wote, nyuma ya ukuta. Ina risasi."

Ikachukua mafuta ya taa chupa nzima, na nyundo ya mbao, na jasho la koplo. Wakiwa nyuma ya ukuta walisikia komeo likilia kama nguruwe. Kisha Rejoice akawaita, akafungua kiganja. Risasi nene kama kidole gumba, ya kijani kwa kutu, imejaa mafuta yaliyoganda.

"Ndiyo iliyokuwa imeziba," akasema. "Ndiyo maana pombe yenu haikuvuja. Hii haijawahi kupigwa tangu iwekwe."

Waingereza wote wakafufuka hapo hapo, na nyumbu wao.

"Lakini si imeshakufa?" akauliza Ambrose kwa sauti ndogo.

"Baruti ya zamani haina adabu, mzee. Ganda limeziba vizuri. Mimi siwezi kukuapia."

Jofrey akaigusa ile risasi kwa kidole. "Mama, ulipokuwa unaipangusa, mimi nilikuwa wapi?"

"Mgongoni."

"Na mdomo wake?"

Letisia akaweka mkono tumboni. Jofrey akavuta pumzi. "Juzi kwenye ubatizo, mwanangu Emilia alikuwa anaupuliza ule mtutu, unalia kama baragumu. Baba mdogo ndiye aliyemfundisha." Akamgeukia Ambrose. "Ulikuwa unacheka."

Ambrose akaanza kusema neno juu ya laana, lakini hakulimaliza.

Rejoice akawapeleka ghalani kuandikisha, na mlango ukiwa wazi Letisia akaona zilivyopangwa: magobori yaliyoundwa kwa mabomba ya maji, bunduki ya Mwingereza moja, SAR, SMG, kila moja fupi kuliko iliyotangulia, nyepesi zaidi, yenye mdomo wa haraka zaidi. Alizihesabu kwa macho na midomo ikamkunjika. Watu walikesha miaka mia moja wakiitengeneza vizuri zaidi, ikafika pahala hata mgonjwa anaweza kuibeba. Jembe alilolimia bibi yake ndilo analolimia yeye, uzito uleule, na mgongo unauma palepale. Hakuna aliyekaa hata siku moja akalifikiria.

"Silaha imesalimishwa na Jofrey Romanus Mtewele, kwa hiari," Rejoice akasoma huku akiandika.

"Kwa hiari?" Letisia akadakia. "Andika kwa kuburutwa na mama yake."

"Mama, fomu haina nafasi hiyo."

"Basi andika kwa ufupi."

Jofrey alitia sahihi, akabonyeza na kidole gumba ingawa hakuambiwa. Rejoice akampa nakala, akasema sasa hakuna mtu wa kuja kumgongea mlango. Ambrose akaomba naye awekwe jina, kama shahidi wa ukoo. Jofrey akakunja karatasi yake, akaiweka mfukoni.

"Baba mdogo," akasema, "wewe panda bodaboda, rudi. Sisi tutatembea kidogo na Mama."